Bruce Petway: Mdakaji Aliyeacha Udaktari

Sisi tunaoshuka kutoka Namswea na milima ya Umatengo hadi Mbamba Bay tunalijua vizuri jina la Hastings Kamuzu Banda, aliyeitawala Malawi, nchi ya ng'ambo ya Ziwa Nyasa. Wachache wanajua kwamba alihitimu udaktari mwaka 1937 katika Chuo cha Tiba cha Meharry, mjini Nashville, Marekani. Chuo hicho kilianzishwa mwaka 1876 kuwasomesha watu weusi waliotoka utumwani. Daniel Malekebu, naye mtu wa Nyasaland, kama Malawi ilivyoitwa zamani, alihitimu hapo mwaka 1917. Kabla yao alipita kijana mzaliwa wa Nashville, Bruce Petway. Yeye hakumaliza. Mwaka 1906 hivi aliacha masomo ya tiba, akaenda kucheza besiboli ya kulipwa.

Alikuwa mdakaji. Huyu huchuchumaa nyuma ya mpigaji, akidaka kila mpira unaotoka kwa mrushaji aliye umbali wa mita 18 na ushee. Kama kipa wa soka, ndiye pekee anayeuona uwanja wote mbele yake. Vidole huvunjika, magoti huisha. Hata vikinga miguu vilianza kuzoeleka baada tu ya mdakaji Roger Bresnahan wa New York kuvivaa hadharani mwaka 1907. Mpinzani akichomoka kuiba besi ya pili, yaani kukimbilia kituo hicho bila mpira kupigwa, mdakaji ana nukta chache za kudaka, kuinuka na kurusha mpira karibu mita 39. Petway aliweza kuurusha akiwa bado amechuchumaa, na ukafika. Hiyo ndiyo iliyompa sifa.

Ligi kuu za Marekani hazikumtaka, kwa sababu ya rangi yake. Mdakaji mwingine mweusi, Moses Fleetwood Walker, alichezea Toledo katika ligi kuu mwaka 1884. Baada ya hapo mlango ukafungwa hadi Jackie Robinson alipoingia mwaka 1947. Kwa hiyo Petway alicheza katika timu za weusi: mwaka 1910 Leland Giants ya Chicago, chini ya kocha Rube Foster, kisha Chicago American Giants ya Foster huyohuyo.

Majira ya baridi wachezaji hao walikwenda Cuba, ambako weusi na weupe walikutana uwanja mmoja. Mwishoni mwa 1910 Detroit Tigers walifika Havana na nyota wao Ty Cobb, mwizi wa besi aliyeogopwa kuliko karibu wote. Cobb alipojaribu kuiba besi, Petway alimkamata kwa mrusho wake. Masimulizi ya baadaye yalisema alimkamata mara tatu. Waliopekua kumbukumbu za mechi hawakuzipata zote. Kwangu mimi mara moja inatosha, maana Cobb hakuwa mtu wa kukamatwa hivihivi. Na kwa hesabu zinazotajwa sana, katika mechi hizo wastani wa kupiga wa Petway, yaani mafanikio kwa kila jaribio, ulikuwa .390, wa Cobb .369. Mwaka 1912 Petway aliongoza ligi ya Cuba kwa kuiba besi, jambo la nadra kwa mtu ambaye kazi yake humla magoti.

Mwaka 1919 alihamia Detroit Stars, akawa pia kocha wao, hadi 1925. Katika kipindi hicho, mwaka 1920, Foster aliunda Ligi ya Taifa ya Weusi. Petway alifariki Chicago mwaka 1941, miaka 6 kabla ya Robinson.

Mwaka 2024 ligi kuu ya Marekani iliingiza takwimu za ligi za weusi katika vitabu vyake rasmi. Ni haki iliyochelewa, tena haikutimia, kwa kuwa hesabu hizo zinaanzia 1920. Petway anaonekana humo akiwa na zaidi ya miaka 30, mkono umechoka. Miaka yake mizuri, ile ya Chicago na Havana, haimo, na takwimu pekee hazitamwonyesha msomaji kwa nini Cobb alipaswa kufikiri mara mbili kabla ya kukimbia.