Saa Mbili za Rubaya: Hesabu, Wakati na Nadharia ya Malimwengu Mengi

Mwaka 1957 Hugh Everett, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Princeton, alitoa hoja ambayo bado inawagawa wanafizikia. Alisema kwamba tukio la kwanta linaloweza kwenda njia kadhaa hupitia njia hizo zote, kila njia ikiwa na tawi lake la ulimwengu. Baada yake zimezuka nadharia nyingi za wakati na malimwengu, nyingine za wanasayansi, nyingine za kubuni tu: milinganyo mirefu, alama za Kigiriki, na madai kwamba kesho imekwisha kuwapo mahali fulani. Msomaji azipimeje?

Makala hii inashikilia kwamba usahihi wa milinganyo hautoshi. Nadharia ya wakati hupata haki ya kuaminiwa inapokubali kupimwa kwa njia mbili zisizotegemeana, njia ambazo zingeweza kupingana. Kivu Kaskazini, kuanzia Ishango hadi milima ya Masisi, inaonyesha jambo hilo waziwazi.

Mfano wa kwanza ni mashuhuri. Mwaka 1950 Mbelgiji Jean de Heinzelin alifukua huko Ishango, mahali Mto Semliki unapotoka katika Ziwa Edward, mfupa wa urefu wa takriban sentimita 10 wenye kipande cha kwazi kwenye ncha moja. Mfupa huo, ambao leo umehifadhiwa Brussels, una mistari mitatu ya chale. Mstari mmoja una mafungu ya 11, 13, 17 na 19. Wa pili una 11, 21, 19 na 9. Kila mmoja unajumlisha 60. Mstari wa tatu una jumla ya 48, na ndani yake 3 inakaa jirani na 6, na 4 jirani na 8.

De Heinzelin aliona hapo mchezo wa hesabu: namba tasa zote zilizo kati ya 10 na 20, kuzidisha kwa mbili, na kuongeza au kupunguza moja kutoka 10 na 20. Alexander Marshack, katika kitabu chake cha mwaka 1972, aliona kalenda ya mwezi. Chale zote ni 168. Ukizigawa kwa siku 29 na nusu za mwezi mwandamo, unapata karibu miezi sita. Wengine wanasema chale zilikuwa za kuzuia mkono usiteleze. Maelezo yote matatu yanaingia vizuri katika namba zilezile, na mfupa hauna uwezo wa kulikataa hata moja. Hapo ndipo udhaifu ulipo: namba zinazokubali kila hadithi hazijathibitisha yoyote.

Je, kipimo cha maabara, kama kile cha umri kwa kaboni 14, kinamaliza ubishi wa namna hii? Si peke yake. Upande wa Kirotshe na Sake, Ziwa Kivu linaingia katika Ghuba ya Kabuno, ambayo imetenganishwa na ziwa kuu na kizingiti cha volkano chenye kina cha takriban mita 10 tu. Maji ya chini ya ghuba hiyo yamejaa hewa ya kaboni inayopanda kutoka kwenye miamba moto iliyo ardhini. Kaboni hiyo ni ya kale mno, na kaboni 14 yake, ambayo nusu yake hupotea kila miaka 5,730, imekwisha zamani. Kiumbe anayejenga gamba lake kwa kaboni kama hiyo ataonekana maabara kuwa mzee kuliko alivyo, hata kama ametolewa majini asubuhi ileile. Mlinganyo wa kaboni 14 hauna kosa lolote. Kosa limo katika dhana iliyotangulia mlinganyo, kwamba kaboni yote ilitoka angani. Saa moja haiwezi kujisahihisha.

Sasa mtu apande milima ya Masisi hadi Rubaya, ambako wachimbaji wadogo wanatoa koltani kwa sururu na koleo, wakiosha udongo hadi zibaki punje nyeusi nzito. Dunia inaitaka punje hiyo kwa ajili ya tantali ya vifaa vya elektroniki. Lakini ndani yake mna pia chembe za urani za aina mbili, na kila aina inageuka kuwa risasi kwa mwendo wake. Nusu ya urani 238 hugeuka kwa miaka bilioni 4.47; nusu ya urani 235 kwa miaka milioni 704. Punje ikitimiza miaka bilioni moja, takriban asilimia 14 ya ile ya kwanza itakuwa imegeuka, na asilimia 63 ya ile ya pili.

Ndizo saa mbili katika punje moja. Mwaka 1956 George Wetherill alionyesha jinsi ya kuzilinganisha kwa mchoro mmoja. Zikitaja umri mmoja, kuna sababu nzuri ya kuuamini. Zikipishana, mtafiti anajua kwamba punje ilipoteza risasi au iliingiliwa na joto, na mara nyingi anaweza kukadiria lini. Kwa njia hii koltani ya ukanda huu imepewa umri wa karibu miaka bilioni moja, na taasisi ya jiolojia ya BGR ya Ujerumani imetumia umri wa punje kama alama mojawapo ya kutambua madini yametoka wapi.

Kuna pingamizi la haki. Mwaka 1928 mlinganyo wa Paul Dirac ulidokeza chembe ambayo hakuna aliyekuwa ameiona, na ikapatikana kweli. Hesabu ilitangulia macho. Hata hivyo, dai hilo lilikubalika kwa sababu mwaka 1932 Carl Anderson alipiga picha ya njia ya chembe hiyo, kwa chombo kisichotegemea mlinganyo wa Dirac hata kidogo.

Everett naye astahili kutendewa haki. Hesabu yake ni ileile ya fizikia ya kwanta, na katika majaribio yanayowezekana leo matokeo yake hayatofautiani na ya wapinzani wake. Lakini mwaka 1985 David Deutsch alieleza jaribio ambalo lingewatenganisha: mashine inayofanya kipimo, kisha inakirudisha nyuma kikamilifu. Mashine hiyo haijajengwa, ila inajulikana mapema ni jibu gani lingemwangusha nani. Mwandishi wa nadharia mpya ya wakati, awe Princeton au Goma, adaiwe jambo hilohilo kabla karatasi yake haijachapishwa: ataje kipimo cha pili, na aseme ni jibu gani litakaloiangusha nadharia yake.