Kompyuta za Maktaba na Saa ya Matengenezo

Mwaka 1997, Bill Gates na mkewe Melinda walipoanzisha wakfu wa kuzipatia maktaba za umma za Marekani kompyuta na intaneti, wakutubi wa miji midogo, ambao kazi yao hadi hapo ilikuwa kuhifadhi vitabu, walikabidhiwa dhamana ngeni ya chombo kiguswacho na mikono mingi kutwa kucha, huyu akibadili mipangilio, yule akiacha barua zake wazi, na mwingine akiingiza virusi pasipo kukusudia. Tiba iliyoenea, nayo kwa hakika ni ya hekima kubwa, ilikuwa programu za namna ya Deep Freeze, ya kampuni ya Faronics ya Kanada, ziigandishazo diski katika hali aliyoiridhia fundi, hata kila badiliko la mchana likatoweka mara mashine iwashwapo upya.

Ila programu hizo hazibagui: kiraka cha usalama kikiingia diski ikiwa imeganda, nacho hufutwa. Julai 2003 Microsoft ilitoa kiraka cha kuziba upenyo mmoja wa Windows, na mwezi uliofuata mnyoo wa Blaster ukaupitia upenyo uo huo. Basi mashine iliyogandishwa kabla ya Julai ilitakasika kila ilipowashwa, kisha, ilipounganishwa tu na mtandao, ikawa tayari kuambukizwa tena.

Oktoba ya mwaka huo Microsoft iliiteua Jumanne ya pili ya kila mwezi kuwa siku ya kutoa viraka, na wasimamizi wakapata miadi ya kuiyeyusha diski. Nami huihesabu Windows SteadyState ya mwaka 2007, programu ya Microsoft yenyewe ya kuilinda diski kwa namna hiyo, kuwa hisani adhimu kwa maktaba fukara zisizo na fundi, kwa kuwa ilitolewa bure, na katika saa iliyopangwa, aghalabu usiku, iliweza yenyewe kupokea viraka, kuvihifadhi, kisha kurudisha ulinzi kabla ya wasomaji kuingia. Sharti lake lilikuwa mashine iwe inawaka saa hiyo; penye desturi ya kuzima kila kitu jioni ili kupunguza gharama za umeme, ratiba ilipita bure.

Hisani hiyo haikudumu. SteadyState haikutengenezewa Windows 7, na mwisho wa mwaka 2010 Microsoft ikaacha kuitoa, maktaba zisizo na fedha zikabaki ama na Windows iliyozeeka, ama na mtumishi wa kuyeyusha, kusasisha na kugandisha kompyuta moja baada ya nyingine kwa mkono wake.