Miongo ya Nairuzi

Nahodha wa jahazi zamani hakuwa na haja ya kujua kama ni Januari au Februari. Alichotaka kujua ni mwongo wa ngapi. Siku 10 za kwanza baada ya siku ya mwaka zilikuwa mwongo wa kwanza, 10 zilizofuata mwongo wa pili, hadi ikatimia miongo 36. Zikabaki siku 5 za kufungia hesabu, na ile ya mwisho, inayoamkia mwaka mpya, ikaitwa kibunzi. Jumla siku 365, basi. Neno mwongo halijafa: gazeti linapoandika "muongo" kwa maana ya miaka 10, linatumia kipimo ambacho watu wa pwani walipimia upepo.

Na kalenda nyingine walikuwa nayo. Mwezi mwandamo uliwapa saumu na Idi, ukawaambia wavuvi lini ni bamvua na lini ni maji mafu. Hata miezi ya Kiislamu waliipa hesabu yao wenyewe: ikiisha Ramadhani huja Mfunguo Mosi, kisha Mfunguo Pili, mpaka Mfunguo Tisa, halafu Rajabu na Shaabani, na saumu imerudi. Ni hesabu nzuri sana, lakini mwaka wa mwezi una siku 354 au 355. Mfunguo Sita wa Maulidi huangukia masika, na miaka michache baadaye ukaangukia kiangazi. Hakuna anayeweza kupanda mpunga kwa hesabu hiyo.

Upepo, kwa upande wake, una zamu. Kuanzia Desemba kaskazi ilileta majahazi kutoka Arabuni na tende na mazulia. Aprili kusi ilianza kuvuma, na vyombo vikarudi vimejaa boriti za mikoko. Aliyechelewa alikwama, kwa kuwa kati ya Juni na Julai kusi huchafua bahari, na ilimbidi angoje hadi upepo ulegee mwezi Agosti. Kukosea miongo miwili au mitatu kulimgharimu mtu miezi, pengine na chombo chenyewe. Ndiyo maana Ahmad ibn Majid, bingwa wa ubaharia kutoka Julfar katika Ghuba, alipoandika kitabu chake kikuu cha usafiri wa baharini mwishoni mwa karne ya 15, alitaja nyakati za kung'oa nanga kwa idadi ya siku tangu Nairuzi, yaani siku ya mwaka.

Jina hilo ni la Kiajemi, maana yake siku mpya. Uhusiano wa pwani na Uajemi ni wa kale: msikiti wa Kizimkazi, kusini mwa Unguja, una maandishi ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107. Hata hivyo, leo Wairani husherehekea Nowruz mwezi Machi, na watu wa Makunduchi, jirani na Kizimkazi, husherehekea yao Julai. Imekuwaje?

Jibu limo katika robo ya siku. Jua huchukua siku 365 na karibu saa 6 kukamilisha mwaka. Mwaka 1079, wanajimu wa Sultani Malik Shah, Omar Khayyam akiwa mmoja wao, waliirekebisha kalenda ya Kiajemi na kuifunga kwenye majira ya machipuko. Mabaharia waliendelea na hesabu ya kale isiyo na siku ya nyongeza, nayo ikawa inarudi nyuma siku moja kila miaka 4, kama siku 24 kwa karne. Katika karne ya 19 siku ya mwaka Unguja ilikuwa bado ikiangukia mwishoni mwa Agosti. Kwa nahodha hili halikuwa tatizo: katika umri wake wote wa kazi hesabu ilisogea siku 10 tu, na mwanawe alirekebishiwa mwongo mmoja.

Edward Steere, aliyechapisha kitabu chake cha Kiswahili mwaka 1870, alieleza siku hiyo ilivyokuwa Unguja. Watu walioga baharini kabla ya mapambazuko. Wanawake walipika chungu kikubwa cha nafaka na kunde, wakawapakulia jamaa na marafiki. Mioto yote ilizimwa, kisha ukapekechwa moto mpya kwa vijiti.

Kuoga huko ndiko kulikoacha jina Mwaka Kogwa, na ni Makunduchi ambako desturi imeshikwa kwa nguvu zaidi. Wanaume wa pande mbili za mji hupigana kwa mapande ya migomba, kwa bidii kabisa, ili kinyongo cha mwaka kiishie uwanjani. Wanawake hupita na kanga zao mpya wakiimba. Kisha mzee huingia katika kibanda cha makuti, kibanda huwashwa moto, naye huchomoka mbio na kukimbilia vichakani. Watu hawamtazami tena. Wameinua macho, wanafuatilia moshi unaelekea wapi, kwa kuwa huko ndiko wanakosoma bahati ya mwaka unaoanza, na inayoupeleka moshi huo, mwezi wa Julai, ni kusi.