Pai ya limau isiyotoa maji: Siri imo katika joto

WAPISHI wanaojaribu pai ya limau kwa mara ya kwanza aghalabu hupatwa na fedheha moja. Pai hutoka kwenye oveni ikivutia macho, ncha za povu lake jeupe zikiwa zimepata rangi ya asali. Saa chache baadaye kisu kinapopitishwa, maji hutiririka kutoka chini ya povu, rojo la limau humwagika sahanini na ganda huwa limelowa kama mandazi yaliyosahauliwa katika kikombe cha chai. Mayai manne, sukari zaidi ya robo kilo na gesi iliyowaka kwa zaidi ya saa moja huwa vimekwenda bure. Wageni hula kwa kijiko na kusifu kwa adabu.

Fedheha hiyo haitokani na mkono mbaya wa mpishi. Pai ya limau ni vyakula vitatu vinavyopikwa kando na kukutanishwa dakika za mwisho: ganda la unga wa ngano, rojo la limau lililokolezwa kwa wanga na viini vya mayai, na povu la ute wa mayai na sukari liitwalo meringi. Kila kimoja kina joto lake. Anayefahamu rojo linapaswa kuchemka wakati gani, na povu lipakwe juu yake likiwa katika hali gani, hana haja ya vyombo vya hoteli.

Yai zima, bila hasara

Pai hii inahusishwa zaidi na Marekani. Wanahistoria kadhaa wa mapishi humtaja Elizabeth Goodfellow, mwanamke aliyekuwa na duka la vyakula vitamu na shule ya upishi mjini Philadelphia mwanzoni mwa karne ya 19, kuwa ndiye aliyeanza kulifunika rojo la limau kwa meringi. Yeye mwenyewe hakuacha kitabu. Mafunzo yake yanajulikana hasa kupitia mwanafunzi wake, Eliza Leslie, aliyechapisha kitabu cha mapishi mnamo 1828.

Awe ni yeye au mwingine, busara iliyomo ni ya mwenye nyumba asiyependa hasara. Rojo huhitaji viini peke yake. Ute unaobaki, badala ya kumwagwa, hupigwa na sukari na kurejeshwa juu. Wanga wa mahindi uliingia baadaye. Thomas Kingsford alifaulu kuutoa katika mahindi huko Marekani miaka ya 1840, na mwanzoni ulinunuliwa kwa ajili ya kukakamaza nguo za kupigwa pasi kabla ya kuingia jikoni.

Wanga huo ni ule unga mweupe, laini kama poda, unaouzwa katika pakiti ndogo. Usichanganywe na unga wa ugali, ambao utalipa rojo chengachenga na ladha ya uji.

Limau na sufuria

Miongoni mwa malimau yanayouzwa katika masoko ya Kenya kuna yale yenye ngozi nene ya manundu, mbegu tele na maji haba. Ni jamii ya mlimau ambao wakulima wengi hupandikizia michungwa. Hayo yanafaa, ila itabidi yakamuliwe mengi zaidi. Limau jema kwa pai ni lile lenye ngozi laini na ambalo ni zito mkononi kuliko umbo lake. Rangi si hoja, kwani katika maeneo yenye joto limau huweza kuiva likiwa bado na ukijani. Ndimu za Pwani nazo hutoa rojo lenye harufu nzuri na ukali wa kupendeza, lakini ngozi yake nyembamba hutia uchungu upesi, hivyo itumike kidogo mno.

Ngozi ikwaruzwe kabla ya limau kukatwa, na ni ile sehemu ya nje tu inayotakiwa. Nyama nyeupe iliyo chini yake ni chungu. Kisha limau lifikichwe juu ya meza kwa kiganja ili litoe maji kwa urahisi.

Jambo ambalo vitabu vya ng'ambo hulitaja kwa nadra, na ambalo lina uzito hapa, ni sufuria. Sufuria nyingi za majumbani ni za aluminiamu, na ukali wa limau hushambulia madini hayo, rojo likapata ladha ya chuma na weusi fulani. Mwenye sufuria ya chuma cha pua au ya kauri aitumie. Asiye nayo anaweza kupika wanga na viini katika sufuria yake ya kawaida, kisha akaumimina mchanganyiko huo ukiwa wa moto katika bakuli la kioo lisilopasuka kwa joto, na kutia maji ya limau humo. Ute wa mayai pia usipigwe katika chombo cha aluminiamu, kwa maana utageuka kijivu.

Mahitaji

Kwa sahani ya pai yenye upana wa sentimita 23, inayotosha watu wanane, ganda huhitaji gramu 175 za unga wa ngano wa kawaida, gramu 90 za siagi au majarini baridi, chumvi kidogo na vijiko vikubwa vitatu au vinne vya maji baridi. Rojo huhitaji gramu 200 za sukari, gramu 40 za wanga wa mahindi, robo kijiko kidogo cha chumvi, mililita 350 za maji, viini vinne vya mayai, mililita 120 za maji ya limau, ngozi iliyokwaruzwa ya malimau mawili na gramu 30 za siagi. Povu huhitaji ute wa mayai hayo manne, gramu 100 za sukari iliyosagwa, nusu kijiko kidogo cha maji ya limau, na kijiko kikubwa kimoja cha wanga wa mahindi pamoja na mililita 80 za maji. Sukari ya dukani yenye chembe kubwa isagwe kwa sekunde chache katika mashine ya kusagia matunda, au itwangwe kwenye kinu kikavu.

Ganda

Siagi ivurugwe ndani ya unga na chumvi kwa ncha za vidole hadi ifanane na chengachenga za mkate. Maji baridi yatiwe kidogo kidogo, na unga ukishashikana uachwe. Hapa ndipo mikono iliyozoea chapati hukosea: chapati hupenda kukandwa, ganda la pai huchukia. Likikandwa sana huwa gumu na kunywea ndani ya sahani. Donge lifunikwe na kupumzishwa mahali baridi kwa nusu saa, lisukumwe, litandazwe kwenye sahani na kutobolewatobolewa kwa uma.

Ganda hili huokwa tupu kwanza. Juu yake itandikwe karatasi ya kuokea iliyojazwa maharagwe makavu ili lisivimbe, liokwe kwa joto la nyuzi 200 kwa dakika 15, kisha karatasi na maharagwe viondolewe na liokwe dakika 10 nyingine hadi liwe na rangi ya biskuti. Likitolewa likiwa jeupe litalowa, hata kama mengine yote yatafanywa sawasawa. Maharagwe hayo hayafai tena kupikwa, lakini yatatumika kwa kazi iyo hiyo mara nyingi.

Rojo

Sukari, wanga na chumvi vichanganywe vikiwa vikavu katika sufuria, kisha maji baridi yatiwe polepole huku mchanganyiko ukikorogwa ili usifanye madonge. Uwekwe kwenye moto wa wastani na kukorogwa bila kuachwa, mwiko ukifika pembeni na chini kabisa. Utakuwa mzito na kung'aa. Ukianza kuchemka upewe dakika moja.

Viini vipigwe katika bakuli dogo. Upawa mmoja wa mchanganyiko wa moto umiminwe juu yake taratibu huku vikikorogwa, kisha upawa wa pili. Vikishazoea joto, virudishwe vyote katika sufuria na kuchemshwa kwa dakika mbili kamili, mapovu makubwa yakipasuka juu.

Dakika hizo mbili ndizo wapishi wengi huziogopa, wakidhani viini vitagandamana kama mayai ya kukaanga. Havitagandamana, maadamu wanga uliomo huvikinga. Hatari iko upande wa pili. Ndani ya kiini cha yai mna kimeng'enya kinachovunjavunja wanga, na kisipouawa kwa moto huendelea na kazi yake hata pai ikiwa ndani ya jokofu. Ndiyo sababu rojo lililokuwa zito jioni huamka likiwa maji, na mpishi akailaumu limau.

Limau nalo lina lawama yake, ila ni ya namna nyingine: ukali wake ukichemshwa pamoja na wanga kwa muda mrefu huulegeza. Kwa hiyo maji ya limau hutiwa mwisho, sufuria ikiwa imeshaepuliwa, pamoja na siagi na ngozi iliyokwaruzwa. Rojo limiminwe ndani ya ganda lingali moto na kufunikwa ili lisipoe.

Povu

Hatua hii huwa nyepesi wakiwapo watu wawili, mmoja akikoroga rojo na mwenzake akipiga ute. Mpishi aliye peke yake, hasa asiyekuwa na mashine, atangulize kuandaa kila kitu mezani.

Kijiko kikubwa cha wanga kichemshwe na zile mililita 80 za maji hadi kiwe kama gundi, kiwekwe kando kipoe kidogo. Mayai hutenganishwa kwa urahisi yakiwa baridi, lakini ute hupanda vyema zaidi ukiwa umeachwa mezani kwa nusu saa. Kila yai livunjwe juu ya kikombe kidogo kabla ya ute wake kuungana na mwingine, kwa kuwa tone la kiini hudhoofisha povu lote. Bakuli liwe la kioo au chuma cha pua, kavu na lisilo na mafuta. La plastiki huficha mafuta hata baada ya kuoshwa.

Ute upigwe hadi utoe povu, utiwe yale maji ya limau, kisha uendelee kupigwa hadi ncha zake zisimame na kuinama. Sukari iingizwe kijiko kimoja baada ya kingine. Povu likisuguliwa kati ya vidole viwili lisiwe na chembe. Hatimaye gundi ya wanga iongezwe kidogo kidogo, ambayo kazi yake ni kulishikilia povu lisitoe maji.

Povu lipakwe juu ya rojo lingali moto, kuanzia pembeni kuelekea katikati, na liguse ganda pande zote. Lisipolishika litanywea na kuacha mfereji. Joto la rojo hupika povu kutoka chini, wakati oveni ikilipika kutoka juu. Povu likiwekwa juu ya rojo lililopoa, sehemu ya chini hubaki mbichi, na ute huo mbichi ndio unaogeuka maji. Pai irudi kwenye oveni kwa nyuzi 170 kwa takriban dakika 20. Ikizidishiwa, povu hutoa matone madogo ya rangi ya kaharabu juu yake.

Kuna sababu nyingine ya kutofanya haraka. Mayai mabichi yanaweza kubeba bakteria wa salmonela, wanaowadhuru hasa watoto wadogo, wajawazito na wazee. Povu likifikia nyuzi 71 ndani huwa salama. Kulibabua juu kwa moto mkali wa dakika mbili tatu hulipa rangi tu.

Wasio na oveni

Wapishi wa Pwani wanaopalia makaa juu na chini kwa ajili ya mkate wa sinia tayari wanajua njia. Ganda huokwa ndani ya sufuria kubwa yenye kifuniko kipana, makaa mengi yakiwa juu na machache chini. Povu likishawekwa, makaa ya chini yaondolewe karibu yote na ya juu yatawanywe, na kifuniko kifunuliwe kila baada ya dakika tano kutazama rangi.

Pai iliyoiva iachwe mezani kwa saa moja, kisha iingie jokofuni kwa saa tatu au zaidi ili rojo lishikane. Isikae nje zaidi ya saa mbili, hasa mahali penye joto kama Mombasa. Wakati wa kuikata, kisu kichovywe katika maji ya moto na kufutwa kila baada ya kipande, la sivyo povu litanata na kuvutika. Huliwa ikiwa tamu zaidi siku iyo hiyo. Kesho yake povu huwa limeanza kulegea, ingawa rojo lililochemka vyema litakuwa bado limesimama.