Khadija Bajaber: Binti wa Mombasa aliyeshinda tuzo mbili kwa hadithi ya paka na mashua ya mifupa

Msichana anaitwa Aisha. Baba yake ni mvuvi, ametoka baharini na hajarudi. Aisha hakai nyumbani akisubiri habari. Anapanda mashua iliyoundwa kwa mifupa, anaingia baharini kumtafuta, na anayemwonesha njia ni paka anayeongea.

Ukisikia hivyo unaweza kudhani ni ngano ya bibi, ile ya kusikiliza jioni huku mnabangua korosho. Lakini hii ni riwaya, na imempa mwandishi wake tuzo mbili huko Marekani. Mwandishi mwenyewe ni Khadija Abdalla Bajaber wa Mombasa, Kenya.

Kama hujawahi kulisikia jina hilo, hauko peke yako. Hapa tunakueleza kwa ufupi yeye ni nani, ameandika nini, na kwa nini habari zake zinamhusu hata mtu wa Chilangala, mbali na bahari.

Ni nani huyu?

Khadija ni Mkenya wa Mombasa mwenye asili ya Hadhramaut, eneo lililo kusini mwa Yemen. Ana shahada ya uandishi wa habari. Kabla ya riwaya alishaanza kuchapisha kazi zake katika majarida ya fasihi ya Kenya kama Enkare Review, Down River Road na Lolwe.

Anaandika kwa Kiingereza. Riwaya yake ya kwanza inaitwa The House of Rust, tunaweza kusema "Nyumba ya Kutu". Ilitolewa Oktoba 2021 na Graywolf Press, shirika la uchapishaji lisilo la kibiashara lililopo Minneapolis, Marekani.

Asili yake: hao Washihiri ni akina nani?

Watu wa Hadhramaut si wageni Tanzania. Wengi tunawaita Washihiri, kutokana na Shihr, bandari yao ya zamani. Ukikutana na jina la ukoo linaloanza na "Ba", kama Bajaber, Bawazir au Bakhresa, mara nyingi umegusa asili ya huko.

Kwa karne nyingi walikuja na majahazi wakati wa kaskazi na kurudi kwao wakati wa kusi. Wengine hawakurudi. Walifanya biashara, walifundisha dini, walioa na kuzaa. Watoto wao wakakua wakiongea Kiswahili Lamu, Mombasa na Unguja. Mikindani ya kwetu Mtwara nayo ni mji wa historia hiyo hiyo ya majahazi na pepo za msimu.

Matokeo yake ni familia zenye mizizi miwili: Uswahili na Uhadhrami katika nyumba moja. Chakula, dua, majina ya heshima na hadithi za kutisha watoto, vyote vimechanganyika. Huko ndiko Khadija alikochota. Ndani ya riwaya, bibi yake Aisha anaitwa Hababa, jina wanaloitwa mabibi katika nyumba za Kihadhrami. Mwandishi hakulibadilisha ili limfurahishe msomaji wa nje.

Riwaya inasema nini?

Sehemu ya kwanza ni safari ya baharini. Aisha anakutana na madude matatu ya kutisha. La mwisho linaitwa Baba wa Papa.

Hapo simama kidogo. Msomaji wa Minneapolis anahitaji kuelezwa maana ya jina hilo. Wewe huhitaji. Ukisoma tu "Baba wa Papa" umeshamwona mwenyewe: mkubwa wa papa wote. Na umeshaona pia kwamba binti anayemtafuta baba anakwenda kukutana na baba mwingine. Katika kitabu cha Kiingereza, mtu wa Kiswahili ndiye aliyekaa kiti cha mbele.

Aisha anamrudisha baba yake. Hadithi nyingi zingeishia hapo, kwa shangwe na karamu. Hii haiishii hapo. Anarudi nyumbani akitarajia maisha yaendelee kama zamani, lakini ndiyo kwanza mambo yanazidi kuwa ya ajabu. Kunguru wana ya kusema, mbuzi wana ya kusema. Hababa naye anataka aolewe na kijana mmoja wa mtaani, kijana mzuri tu, asiye na kasoro.

Tatizo ni kwamba Aisha ameshaiona bahari. Anachotaka ni safari, si ndoa. Na bibi si mtu mbaya: anamtafutia mjukuu wake usalama kwa njia anayoijua. Hilo ndilo linaloipa riwaya uzito. Dude la baharini unaweza kupambana nalo. Utapambanaje na bibi anayekupenda?

Tuzo ya kwanza: 2018

Safari ya vitabu ilianza na mswada. Graywolf ilianzisha tuzo ya riwaya ya Kiafrika, na Khadija akawa mshindi wa kwanza kabisa mwaka 2018. Jaji alikuwa A. Igoni Barrett, mwandishi kutoka Nigeria, akishirikiana na wahariri wa Graywolf. Zawadi ilikuwa dola 12,000 kama malipo ya awali, pamoja na mswada kuchapishwa.

Sharti moja la tuzo hiyo linafaa kukumbukwa: ilikuwa ya riwaya ya kwanza ya mwandishi Mwafrika ambaye makazi yake hasa ni Afrika. Kwa muda mrefu njia ya kujulikana duniani imekuwa ni kuhama kwanza: nenda London au New York, soma huko, ndipo wakuone. Sharti hili liliigeuza njia hiyo.

Tuzo ya pili: 2022

Tarehe 21 Oktoba 2022 The House of Rust ilitangazwa mshindi wa Tuzo ya Ursula K. Le Guin. Hiyo nayo ilikuwa inatolewa kwa mara ya kwanza. Zawadi yake ni dola 25,000, takribani shilingi milioni 58 za Tanzania kwa viwango vya wakati ule.

Ursula K. Le Guin alikuwa mwandishi wa Marekani, mmoja wa wakubwa wa hadithi za kubuni ulimwengu mwingine. Alizaliwa 21 Oktoba 1929, ndiyo maana tuzo ilitangazwa siku hiyo. Alifariki Januari 2018. Tuzo yenye jina lake inatafuta vitabu vyenye mawazo aliyoyapigania: matumaini, usawa, uhuru, kutotumia mabavu, na nafasi ya binadamu katikati ya viumbe wengine.

Vitabu tisa viliingia kwenye orodha ya mwisho, vikiwemo vya Sequoia Nagamatsu wa Marekani na Olga Ravn wa Denmark. Majaji walikuwa watano, wote waandishi: adrienne maree brown, Becky Chambers, Molly Gloss, David Mitchell na Luis Alberto Urrea. Kati ya vitabu hivyo vyote, wakachagua riwaya ya kwanza ya binti wa Mombasa.

Mtanzania je, yupo?

Yupo. Eugen Bacon alizaliwa Tanzania na sasa anaishi Australia. Anaandika hadithi za aina hiyo hiyo kwa Kiingereza, zikiwemo zile za mkusanyiko wa Danged Black Thing wa mwaka 2021, na ameshinda tuzo ya British Fantasy. Yeye alipita njia ya kuhama, na akiwa mbali bado anarudi Afrika kwenye kurasa zake. Kwa hiyo njia si moja.

Wala tusidhani aina hii ya uandishi imeingia kwetu kwa mlango wa Kiingereza. Kwa Kiswahili, Euphrase Kezilahabi wa Ukerewe alitoa Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka 1991, riwaya ambazo ndani yake dunia ya kawaida imepinduliwa. Katama Mkangi wa Kenya alitoa Walenisi mwaka 1995, kuhusu mtu anayejikuta kwenye nchi isiyofanana na yetu. Lisome tena jina hilo polepole: wale-ni-sisi. Said Ahmed Mohamed wa Zanzibar alitoa Babu Alipofufuka mwaka 2001. Mwaka uliofuata Kyallo Wadi Wamitila akatoa Bina-Adamu!

Chilangala inaingiaje hapa?

Mwaka 1906 Mjerumani Karl Weule alipita Masasi na kupanda hadi Newala, akiandika mila na simulizi za watu wa huku. Moja ya simulizi alizozichapisha ni ya asili ya Wamakonde. Palikuwa na mtu aliyeishi porini peke yake, haogi wala hanyoi. Siku moja akachonga sanamu ya mti, akaiweka karibu yake. Kulipokucha sanamu ilikuwa mwanamke, akawa mkewe.

Wakaenda kuishi Ruvuma, mtoto akazaliwa mfu. Wakahamia bonde la Mbemkuru, mtoto wa pili naye akafa. Walipopanda juu kwenye vichaka vya uwanda wa Makonde, mtoto wa tatu akaishi.

Ukisimama Shimo la Mungu pale Newala ukatazama bonde lilivyo chini, unaelewa simulizi hiyo ilikuwa inajibu swali gani: kwa nini watu wajenge juu wakati maji yako chini? Mti uliogeuka mwanamke si kichekesho cha watoto. Ni njia ya watu kueleza kwa nini wako walipo.

Khadija amefanya jambo hilo hilo kwa Mombasa. Alichukua paka, kunguru, papa na bibi, vitu ambavyo mtoto yeyote wa pale anavijua, akauliza navyo swali zito: msichana anadaiwa nini na watu wanaompenda?

Kuna jambo moja la kuumiza kichwa. Kitabu kiliandikwa kwa Kiingereza na kuchapishwa Marekani. Binti wa sekondari kule Chilangala, ambaye angemwelewa Aisha kuliko jaji yeyote, ana kazi kubwa ya kukipata, na akikipata ana kazi ya pili ya kukisoma. Tuzo inamfikisha mwandishi mbali. Kumrudishia hadithi jirani yake ni kazi nyingine, na hiyo tuzo peke yake haiwezi kuifanya.

Unaandika? Pa kuanzia papo

Kwa anayeandika Kiswahili, milango ipo. Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu iko chini ya Taasisi ya Elimu Tanzania, na washindi wake wa kwanza walitangazwa Aprili 2023. Ipo pia tuzo ya fasihi ya Kiswahili iliyoanzishwa mwaka 2014 kwa jina la Mabati-Cornell, ambayo sasa inaitwa Safal-Cornell. Inapokea miswada ya Kiswahili.

Kabla ya yote, kuna kazi isiyohitaji fomu. Kaa na bibi au babu jioni moja, simu ikiwa inarekodi, umwombe akusimulie ile hadithi aliyokuwa anakutisha nayo ulipokuwa mdogo. Usimkatishe, usimsahihishe. Na akitaja jina la dude kwa Kimakonde, liandike hivyo hivyo alivyolitamka.