Dirisha ibukizi na ndugu zake

Mwaka jana shangazi yangu wa Tanga alinipigia simu usiku. Nilimwamkia, akaitikia haraka: "Marahaba mwanangu. Simu yangu imeingia virusi. Kila nikifungua WhatsApp, tangazo la gemu linaniparamia. Nikilifunga linarudi." Nikamwahidi kwamba mwisho wa wiki ningeipitia. Hakusubiri. Asubuhi aliipeleka kwa fundi wa simu aliye karibu na stendi, akamwambia yale yale, simu ina virusi, na fundi akaifanyia kile ambacho mafundi wengi huvifanyia virusi: akaiflashi. Ikarudi tupu kama ilivyotoka dukani. Picha za harusi ya binti yake zilikuwa humo humo tu. Baada ya siku chache alirudisha michezo anayoichezea mjukuu wake, na tangazo likarudi pamoja nayo.

Nimelifikiria sana tukio lile. Fundi hakuwa mvivu wala mwongo. Alitibu ugonjwa aliotajiwa. Kilichokosekana ni jina sahihi. Katika simu zetu kuna matangazo ya aina tatu au nne yanayojileta bila kuitwa, kila aina ina mlango wake wa kuingilia na kitasa chake cha kufungia, na sisi tumeyapa yote jina moja, popapu, au tumeyakatia tamaa kwa kuyaita virusi.

Istilahi ya Kiswahili ipo. Ukiiweka simu yako katika Kiswahili, ukafungua kivinjari cha Chrome, ukagusa nukta tatu za juu, kisha Mipangilio, kisha Mipangilio ya tovuti, utakutana nayo: madirisha ibukizi. Watu wengi hawajapata kuiona, kwa kuwa simu zao zinasema Kiingereza tangu siku zilipowashwa. Wapo walioiona wakadhani ni neno la kubuni tu, limeungwa ofisini na mtu asiyesikia lugha. Mimi naliona ni moja ya maneno yaliyoundwa vizuri kuliko mengi tuliyopewa katika fani hii.

Mzizi wake ni ibuka. Mzamiaji huzama, halafu huibuka. Kitu kinachoibuka kilikuwa chini, hakikuonekana, mara kiko juu ya maji mbele ya macho yako. Hivyo ndivyo dirisha hili linavyofanya: unasoma ukurasa uliouomba, na nyuma yake mna maagizo ambayo hukuyaona, yanayosubiri uguse mahali fulani ili yafungue kingine juu yake.

Ila muundaji hakuishia kwenye ibuka. Angeishia hapo, kwa kufuata njia ya pika na mpishi au andika na mwandishi, tungepata ibushi. Yeye alipitia ibukia, kauli ya kutendea, akatoka na ibukizi, kwa njia ile ile ambayo vamia imezaa vamizi na nyemelea imezaa nyemelezi. Tofauti ni kubwa. Kuibuka ni jambo la mwenye kuibuka peke yake. Kuibukia kunataka mtu wa pili, yule anayeibukiwa. Neno la Kiingereza halimtaji mtu huyo. Linaeleza tu kwamba kitu kimechomoka juu. Kiswahili kimemweka mwenye simu ndani ya neno lenyewe. Na hakuna haja ya kulisumbua kwa upatanisho: dirisha ibukizi, madirisha ibukizi, kama tunavyosema ugonjwa nyemelezi na magonjwa nyemelezi.

Kulikuwa na mshindani wa karibu, zuka. Kuzuka nako ni kutokea ghafla, pengine kwa ghafla zaidi kuliko kuibuka. Lakini zuka amekwisha kuoa katika nyumba nyingine. Kizuka ni pepo anayejitokeza njiani, na pwani kizuka ni pia mjane aliyekaa eda, mtu wa kuhurumiwa na kustahiwa. Hapo hapo kuna zua, na uzushi. Nani angependa neno la eda libandikwe kwenye tangazo la kamari? Wahispania husema ventana emergente, dirisha linaloibuka, sawa na sisi. Kifaransa kina fenêtre intruse, dirisha lililoingia pasipo kualikwa, na hapo wamesogelea ile maana yetu ya kuibukia. Kwetu mtu wa namna hiyo angeitwa mzamiaji, kama yule anayezamia harusi asiyoalikwa. Inapendeza kwamba kuzama na kuibuka vyote viwili vimeishia kwa mgeni asiyeitwa.

Kitu chenyewe kina mwanzo unaojulikana. Katika miaka ya 1990 kijana wa Kimarekani, Ethan Zuckerman, alikuwa mfanyakazi wa Tripod, kampuni iliyowapa watu nafasi ya kutengeneza kurasa zao za wavuti bure na kulipwa na watangazaji. Kampuni moja ya magari ilikuja juu ilipoona tangazo lake limekaa ndani ya ukurasa wa ngono. Zuckerman akaandika programu ya kulitoa tangazo nje ya ukurasa na kulifungulia dirisha lake lenyewe, ili lisionekane kuwa na uhusiano na maandishi ya mtu. Nia ilikuwa kutenganisha. Mwaka 2014 aliandika makala katika jarida la The Atlantic akaomba radhi hadharani, maana wavuti nzima ilikuwa imeuchukua ujanja ule na kuugeuza kero. Vivinjari vilijibu mapema: Opera ilitangulia kupata uwezo wa kuzuia madirisha hayo, na kufikia mwaka 2004 Firefox na Internet Explorer zilikuwa zimefuata. Leo Chrome huyazuia bila kuagizwa. Kama yanakujia ndani ya kivinjari, nenda pale Mipangilio ya tovuti ukahakikishe hakuna aliyeyaruhusu, na uangalie orodha ya tovuti zilizopewa ruhusa maalumu.

Kwa maana kamili ya istilahi, basi, ibukizi ni jambo la kivinjari. Tangazo la shangazi lilikuwa kitu kingine.

Tuanze na lile linalojulikana zaidi na kila mzazi aliyempa mtoto simu ili atulie. Mtoto anapanga peremende za rangi, amebakiza hatua moja, kioo kizima kinageuka video ya mchezo mwingine. Alama ya kufungia imefichwa pembeni, ndogo kama punje ya ulezi, na pengine ile unayoiona kwanza ni ya uongo, ukiigusa unapelekwa dukani. Hili limo ndani ya mchezo na limewekwa na wenye mchezo. Mchezo haukuuzwa, kwa hiyo unalipwa kwa kila tangazo linalotazamwa; mtengenezaji huchukua kipande cha programu kutoka kwa kampuni ya matangazo, akakipachika katika mchezo wake, nacho huvuta video kwa kutumia bando lako. Kazi yake ni kukatiza, kama mtu anavyomkatiza mwenzake maneno. Ningependa tuliite tangazo katizi.

Kuna sheria juu yake, na nasikitika ni wachache wanaozifahamu. Tangu tarehe 30 Septemba 2022, Play Store ya Google inawakataza watengenezaji kuweka tangazo la kioo kizima linalokuja bila kutarajiwa: lisije mtumiaji anapoanza hatua mpya ya mchezo, lisitangulie ukurasa wa kwanza wa programu inapofunguka, na lisikae zaidi ya sekunde 15 bila kufungika. Ukiona mchezo unavunja hayo, una haki ya kuuripoti pale pale ulipoupakua. Yale ya zawadi, ambayo mchezaji mwenyewe huyakubali ili aongezewe roho au sarafu, hayaguswi na sheria hiyo, kwa kuwa mtu ameridhia.

Dawa ya katizi watu wetu wameigundua wenyewe: zima data. Mchezo usiohitaji intaneti ukichezwa data ikiwa imezimwa hauna pa kuvutia video. Naiheshimu dawa hii kwa sababu inalinda na bando pia. Michezo mingine huuza uhuru, ukilipa mara moja matangazo yanaondoka. Kwa mchezo ambao mtoto anaucheza kila siku, naona pesa hiyo imetumika vizuri. Na tangu Android 9 ya mwaka 2018 kuna sehemu ya DNS ya faragha katika mipangilio ya mtandao, ambapo unaweza kuandika anwani ya huduma inayokataa kuitikia majina ya kompyuta za matangazo. Inafagia mengi, si yote, kwani tangazo linaloletwa na kompyuta ile ile inayoleta mchezo litapita tu. Usihangaike kufuta kitambulisho cha matangazo ukidhani yatapungua. Yatakuwa mengi vile vile, ila hayatakufahamu sana.

Sasa lile la shangazi. Yeye hakuwa kwenye mchezo wala kwenye kivinjari. Alikuwa anasoma ujumbe wa dada yake. Tangazo lililotoka katika programu moja likaja kukaa juu ya programu nyingine. Android ina ruhusa inayowezesha programu kujichora juu ya zenzake, na ruhusa hiyo ina kazi halali: ndiyo inayoviwezesha vile viduara vya ujumbe vinavyoelea kioo chote. Programu yenye nia mbaya huiomba kwa kisingizio, ukikubali imepata ngazi. Zipo pia zilizokuwa hazihitaji ruhusa hiyo. Zilijifungua tu zenyewe kutoka nyuma, mpaka Android 10 ya mwaka 2019 ilipoanza kuzibana. Februari 2020 Google iliondoa karibu programu 600 katika Play Store kwa sababu ya matangazo ya kero ya namna hii.

Shangazi alikwisha kulipa jina pale pale kwenye simu, mimi sikusikia. Linaniparamia. Kuparamia ni kupanda juu ya kitu kwa pupa, kama gari linavyoparamia ukingo wa barabara au mtoto anavyoparamia mwembe. Ni neno halisi la tendo lile, na umbo lake linafuata njia ile ile ya vamia: tangazo paramizi. Kama wanaistilahi wa taasisi zetu za Kiswahili, BAKITA au TATAKI, wanatafuta jina la tangazo linalojiweka juu ya programu isiyo yake, liko Tanga, kinywani mwa mama wa miaka 61.

Paramizi hutibiwa kwa kumtafuta aliyelituma. Likitokea, usilifunge haraka. Gusa kitufe cha programu za karibuni, kile cha mraba, au telezesha kidole juu kutoka chini na ukishikilie. Kadi ya tangazo mara nyingi itabeba nembo ya programu iliyolileta. Ikiwa nembo ni tupu au ya kijivu, fungua orodha ya programu zote katika mipangilio, maana nyingine zina tabia ya kuificha alama yao isionekane kwenye kioo baada ya kupakuliwa. Pitia orodha ya zile zilizoruhusiwa kuonekana juu ya nyingine, uondoe ruhusa kwa kila usiyoifahamu. Washukiwa wa kwanza ni zilizoingia siku chache kabla ya kero kuanza: tochi, kisafisha simu, mandhari ya kioo, mchezo uliopokelewa kwa faili kutoka kwa rafiki badala ya kupakuliwa dukani. Ifute moja, subiri nusu siku, uone.

Ndugu wa mwisho ni arifa, nami sitakaa kwake sana. Tovuti inakuuliza kama uiruhusu ikutumie arifa, nyingine hukudanganya uguse Ruhusu ili uthibitishe kwamba wewe si roboti. Ukishagusa, mistari ya kamari na zawadi za uongo inashuka kutoka juu ya kioo mchana na usiku. Kitasa chake kiko katika Mipangilio ya tovuti, sehemu ya Arifa, katika orodha ile ile yenye madirisha ibukizi. Tangu Android 13 hata programu za kawaida zinalazimika kuomba kabla ya kutuma arifa, kwa hiyo jibu la Hapana limekuwa na uzito.

Tangazo liliporudi, shangazi alinipigia tena. Safari hii sikumwambia asubiri wikiendi. Nilimuuliza: "Shangazi, likikuparamia unakuwa wapi? Kwenye mchezo wa mtoto, kwenye Google, au popote?" Akasema popote, hata akiwa anapiga picha. Nikamwelekeza kwenye kitufe cha mraba kwa simu ya jirani yake, huku yake ameishika mkononi. Akasoma nembo kwa sauti: tochi. Simu yake ilikuwa na tochi yake tangu dukani; hii nyingine mjukuu aliipakua kwa kuwa ina taa za kupepesa rangi. Tuliifuta, na tangazo halijarudi mpaka leo.

Picha hazikurudi. Tuliomba kwa ndugu waliotumiwa siku ya harusi, tukapata 23, zimefifia kwa kupita mikono mingi ya WhatsApp. Ile ya bibi harusi akiwa na bibi yake, ambaye amefariki tangu hapo, hakuna aliyekuwa nayo.