Stesheni ya Bububu na Ngano ya Jina Lake

Ukimuuliza Mzee wa Unguja asili ya jina Bububu, aghalabu atakujibu kwa mlio: bu-bu-bu. Ndivyo lilivyonguruma, atakwambia, gari la moshi lililokuwa likitoka mjini kuingia kijijini. Ni ngano tamu, na wanaotembeza wageni wameirithi. Lakini haiwezi kuwa kweli. Bibi Salme binti Said, aliyepata kukaa Bububu kabla ya kuondoka Unguja mwaka 1866, alipataja mahali hapo kwa jina hilo hilo katika kumbukumbu zake zilizochapishwa Ujerumani mwaka 1886. Reli ya Bububu ilijengwa takriban miaka 20 baadaye. Jina, basi, lina umri mkubwa kuliko treni.

Wala reli hiyo haikuwa ya kwanza kisiwani. Mwaka 1879 Sayyid Barghash alijengesha njia ya maili saba hivi kutoka kasri lake la mjini hadi Chukwani, upande wa kusini. Mabehewa yalivutwa kwanza na nyumbu, kisha na kichwa cha mvuke kilichoagizwa Uingereza. Ilikuwa reli ya mfalme na watu wa nyumba yake. Alipofariki mwaka 1888, nayo ikafa.

Reli ya Bububu ilikuwa ya namna nyingine. Iliasisiwa na kampuni ya Kimarekani, Arnold Cheney ya New York, na ikafunguliwa mwaka 1905. Ilianzia Ngome Kongwe, ikapenya mitaa ya mji, ikaelekea kaskazini kupitia Mtoni, hadi kituo chake cha mwisho Bububu, mwendo wa maili saba, yaani kilomita 11. Postikadi za zama hizo zinaonesha mabehewa yakipita ubavuni mwa nyumba, karibu kiasi cha abiria kunyoosha mkono akagusa ukuta. Lilikuwapo behewa la daraja la kwanza kwa wageni walioshuka melini kuja kutazama mashamba. Hata hivyo, wateja wake wakubwa walikuwa wenyeji: watu wa shamba wenye shughuli mjini, na watu wa mjini wenye jamaa zao shamba.

Tuipime kwa jirani zake. Reli ya kutoka Mombasa ilikwisha kufika Ziwa Viktoria mwaka 1901, na mwaka 1905 Wajerumani walianza kujenga yao kutoka Dar es Salaam kuelekea bara. Hizo zilikuwa reli za dola, za kushika nchi na kutoa mali. Hii yetu haikufungua nchi yoyote. Ilimchukua mtu asubuhi na kumrudisha kwao kabla ya usiku. Na pengine kwa sababu hiyo ndiyo maana vitabu vya historia huipa mistari michache tu.

Maisha yake hayakuwa marefu. Baadaye ilichukuliwa na serikali. Barabara zikatengenezwa, magari yakaongezeka, na mwaka 1922 huduma ya abiria ikakoma. Kwa miaka kadhaa tena iliendelea kubeba mawe ya kujazia ufuko kwa kazi za bandari, kisha ikang'olewa. Leo hadhira ya matamasha huketi ndani ya Ngome Kongwe, na daladala za Bububu, zilizokwisha kuzoeleka kwa namba yao 502, hujaa watu wa safari ile ile.

Turejee kwenye jina. Wengine husema bububu ni sauti ya maji ya chemchemi zinazobubujika hapo, zile ambazo Barghash alizivutia mfereji hadi mjini. Huenda maelezo haya yana nguvu zaidi, kwani chemchemi zilikuwapo kabla ya reli na kabla ya Salme. Hata hivyo tusiharakishe kuitupa ngano ya treni. Haitufundishi jina lilitoka wapi, lakini inatufundisha jambo ambalo tarehe haziwezi kulisema: kwamba mngurumo ule uliwaingia watu hata wakauona unastahiki kuwa asili ya mji wao. Waliopanda gari lile hawapo tena kutusimulia. Wajukuu zao, ambao hawakulisikia hata siku moja, bado wanaweza kutuigizia mlio wake.